TAHADHARI: Anayejifanya msimamizi wa nyumba Iyunga ni tapeli

Ndugu zangu wa Mbeya, hasa wanafunzi wa MUST (Chuo Kikuu cha Sayansi na Teknolojia Mbeya) na wazazi mnaotafuta vyumba kabla chuo hakijafunguliwa, kuweni macho. Mdogo wangu kalizwa 240,000 maeneo ya Iyunga.

Jamaa mwenyewe ni mpangaji tu. Analipa mwezi mmoja au miwili, anabadilisha kitasa, halafu anawaambia madalali kuwa mwenye nyumba yuko Dar na yeye ndiye msimamizi. Chumba ni kizuri, kina vigae na mita yake ya LUKU, na anakitoa kwa 40,000 wakati pale jirani ni 60,000. Anadai kodi ya miezi sita siku hiyohiyo kwa sababu eti kuna mtu anakuja jioni na hela taslimu. Ukishalipa unapewa funguo, ila uhamie Jumamosi, fundi anamalizia rangi.

Jumamosi mdogo wangu akafika na godoro kwenye kirikuu, akawakuta wenzake wawili mlangoni. Kila mmoja na funguo yake, na zote zinafungua chumba kilekile! Simu ya jamaa haipatikani. Mwenye nyumba halisi, mama wa watu, yuko hapahapa Mbeya na hakuwa na habari yoyote. Msimlaumu.

Wakati wa kutuma hela, jina lililotokea kwenye simu lilikuwa la mwanamke. Jamaa akasema ni laini ya mke wake. Jina likitofautiana na la kwenye mkataba, usiweke namba ya siri.

Kabla ya kutoa hata mia, nenda ofisi ya serikali ya mtaa ukaulize nyumba ni ya nani, na msaini mkataba palepale mbele ya mwenyekiti. Tangu sheria ya kudhibiti kodi za nyumba ifutwe mwaka 2005, mkataba ndiyo kinga kubwa ya mpangaji. Msimamizi wa kweli hawezi kukwepa kwenda kwa mwenyekiti. Na dalali mpe chake ukishaingia ndani.

Ukishalizwa, usianzie Baraza la Ardhi na Nyumba. Huko ni kwa mgogoro na mwenye nyumba wa kweli. Hii ni jinai, nenda polisi uchukue RB, ile namba ya kumbukumbu ya taarifa yako. Pigia mtandao wako haraka waombwe kuzuia muamala, na namba ya tapeli itume 15040 kwa TCRA, mamlaka ya mawasiliano. Sisi tumesharipoti. Wewe uliyelipia chumba hichohicho, tafadhali nawe kaandikishe maelezo yako, maana bado tunaamini tuko zaidi ya hao watatu.