Nimewekewa Mbappé, nimefutiwa Mbeya City

Mnivumilie, naandika nikiwa bado na hasira.

Juzi kati nilipakata kompyuta yangu ya mezani kwenye bajaji, sanduku zima juu ya mapaja, mpaka Mwanjelwa kwa dogo mmoja anayeweka magemu. Shida yangu ilikuwa pachi mpya, yaani mafaili ya kusasisha vikosi na jezi, ya PES 2017. Gemu la mpira la 2016 hilo, Messi bado yuko Barcelona, ila mashine yangu haibebi zaidi ya hapo. Nikamwambia, "Dogo, kabla hujagusa chochote, nitunzie lile faili la EDIT." Akajibu bila kugeuza shingo, vidole vimejaa mafuta ya chipsi: "Kaka, wewe kaa."

Nikakaa. Mjinga mimi.

Kwa asiyejua, EDIT00000000 ndilo linabeba kila ulichohariri kwa mkono: majina, jezi, vikosi. Pachi inakuja na la kwake. Ukilibandika juu ya la zamani, Windows inauliza mara moja tu, na mimi nilikiona kidole chenye mafuta kikikubali. Mle ndani kulikuwa na Mbeya City yangu! Zambarau ile nimeihangaikia usiku kucha, wachezaji 23 nimewaandika mmoja mmoja, beki wa kushoto nimempa jina la mdogo wangu.

Nilipolalamika: "Mbeya City nani anaichezea, kaka?" Hapahapa Mbeya! Na elfu kumi yangu keshaitia mfukoni.

Nilitaka kumpa sifuri. Ila nikifika nyumbani nikawasha, gemu likafunguka safi, Mbappé yumo Real Madrid, halijagoma hata mara moja. Fundi wangu wa kwanza, kule Soweto ya hapa Mbeya, alisahau kutengeneza upya DpFileList, orodha inayoliambia gemu lisome mafaili gani, nikarudi na pachi ambayo gemu lenyewe halikuiona. Huyu kazi anaijua, kusema kweli. Tatizo mdomo. Na masikio.

Mkienda kwake, kopieni wenyewe kabla ya kutoka nyumbani: Documents, KONAMI, folda ya PES, kisha save. Mimi simrudii ng'o. Labda kwa ajili ya viwanja vya mle kwenye gemu tu. Kasema anavyo, nipeleke flashi iliyofomatiwa kwa mfumo wa NTFS, maana ya mfumo wa FAT32 haipokei faili linalozidi GB 4.

Jana usiku nimeanza jezi upya. Zambarau bado inatoka kama bilinganya.