Orodha za abiria za Ellis Island mtandaoni: picha nzuri, utafutaji wa kuchosha

Ukiuliza Mtaliano, Myahudi wa Urusi au Msiria fulani aliingia Marekani lini na kwa meli gani, utaelekezwa kwenye tovuti ya Statue of Liberty–Ellis Island Foundation, taasisi inayohusika na Ellis Island, kisiwa cha bandari ya New York kilichokuwa kituo cha kukagua wahamiaji. Ndani yake kuna rekodi zipatazo milioni 65 za watu waliofika bandari ya New York kati ya 1820 na 1957. Kutafuta jina ni bure. Kufungua picha ya orodha yenyewe ni bure pia, ila lazima ujisajili kwa barua pepe na nenosiri. Kuna kitufe cha kununua nakala iliyochapwa vizuri kwa ajili ya fremu. Huna haja nayo kama unachotaka ni kusoma tu.

Kwa picha za orodha tunaipa nne kwa tano. Kwa utafutaji, mbili na nusu, na hapo tumekuwa wakarimu. Anayejua udhaifu huo mapema humpata mtu wake. Asiyejua huondoka akidhani babu aliingia kwa njia za panya.

Kisa cha udhaifu huo ni jinsi kumbukumbu zenyewe zilivyotengenezwa. Orodha iliandikwa kwa mkono na watu wa kampuni ya meli kule safari ilikoanzia: Napoli, Hamburg, Bremen, Liverpool. Miaka ya 1940 Idara ya Uhamiaji ilizipiga picha kwenye maikrofilamu (filamu yenye picha ndogo za kurasa), kisha karatasi zenyewe zikaharibiwa. Tovuti ilipofunguliwa Aprili 2001 ilikuwa na miaka ya 1892 hadi 1924 tu, na majina hayo yalinakiliwa na watu wapatao 12,000 wa kanisa la Wamormoni, lenye makao Utah, waliojitolea, wakisoma maikrofilamu neno kwa neno. Mwandiko wa Mjerumani ukiandika jina la Mpolandi, ukapigwa picha yenye ukungu, ukasomwa na mtu wa Utah asiyejua Kijerumani wala Kipolandi: hapo ndipo unapotafuta. Ukiona ukurasa umefifia, usihangaike kutafuta karatasi iliyo safi zaidi. Haipo.

Kuna swali linalojirudia kuhusu moto wa 15 Juni 1897. Moto huo uliteketeza majengo ya mbao ya Ellis Island pamoja na vitabu vya uhamiaji vilivyoanzia 1855, na kituo hakikufunguliwa tena hadi 17 Desemba 1900. Mbona basi majina ya 1893 yanapatikana? Kwa sababu nahodha alitakiwa pia kukabidhi orodha kwa forodha, na nakala za forodha hazikuwa kisiwani. Ila orodha hizo za awali ni fupi: jina, umri, kazi, nchi, na mambo machache mengine. Usizitarajie zikupe anwani ya shangazi.

Kabla ya kugusa kisanduku cha kutafutia, fanya kazi ya nyumbani. Sensa za Marekani za 1900, 1910, 1920 na 1930 ziliuliza mwaka mtu alioingia nchini, na zinasomeka bure kwenye tovuti ya FamilySearch. Bora zaidi ni faili la uraia. Fomu za uraia zilizotumika kuanzia 27 Septemba 1906 ziliuliza jina la meli na tarehe ya kufika. Ukiwa na hivyo viwili, kazi ya wiki nzima huisha kabla chai haijapoa. Ukiwa na jina na mwaka wa kubahatisha tu, anza na jina la ukoo peke yake, acha jina la kwanza wazi, weka mwaka wa kuzaliwa kwa upana wa miaka mitano kila upande, wala usibane tahajia iwe sawasawa. Watu wengi hujaza kila kisanduku wakidhani wanaisaidia mashine. Wanaifungia mlango: kosa moja la mnakili kwenye kisanduku kimoja linatosha kumwondoa mtu wako kwenye majibu.

Ukikosa, badilisha herufi ya kwanza. Katika mwandiko wa wakati ule S husomwa L au T, K husomwa R au H, na u na n hazitofautiani kabisa. Kisha fikiria jina alilosafiri nalo, maana si lazima liwe lile ambalo wajukuu wanalijua. Mwanamke wa Kiitaliano aliyeolewa mara nyingi ameandikwa kwa jina la kwao, kwa hiyo watoto wana jina moja na mama ana jingine, japo wamefuatana mstari kwa mstari. Myahudi atakuwa kwa jina lake la Kiyidishi, lugha ya Wayahudi wa Ulaya Mashariki. Mpolandi aliyefika kabla ya 1918 ataonekana raia wa Urusi, Austria au Ujerumani, kwa sababu Poland kama dola haikuwepo. Mtu wa Mlima Lebanoni utamkuta chini ya Uturuki.

Hapa tuzike hadithi moja inayotajwa karibu kila familia: kwamba karani wa Ellis Island alibadilisha jina la ukoo. Karani hakuandika jina la mtu yeyote. Alikuwa na orodha iliyokuja na meli, akamwita mtu, akauliza maswali akilinganisha majibu na yaliyokwishaandikwa, na wakalimani walikuwepo. Majina yalibadilika baadaye, kazini, shuleni, au siku ya kuomba uraia. Mshairi Kahlil Gibran, aliyefika New York na mama yake na ndugu zake mwaka 1895, alipata tahajia hiyo ya jina lake shuleni Boston. Kwa mtafutaji faida yake ni hii: usitafute jina la Kimarekani. Tafuta la kule alikotoka, kwa tahajia ya kule meli ilikong'oa nanga.

Umempata? Sasa usiridhike na ule muhtasari uliochapwa kwenye skrini. Una jina, umri, meli, tarehe na bandari, na makosa yake ni mengi. Fungua picha. Na ukifungua picha, hakikisha umeona kurasa zote mbili. Hili ndilo kosa la kawaida kuliko yote: kuanzia 1907 fomu ilikuwa na safu 29 zilizotandazwa kwenye kurasa mbili zinazotazamana, na kwenye maikrofilamu kila ukurasa ukapigwa picha yake. Tovuti inakufungulia mmoja. Wa pili unabidi uusogelee mwenyewe, picha inayofuata au iliyotangulia, na hakuna maandishi yanayokukumbusha.

Ukurasa wa kushoto una jina, umri, kazi, kama anajua kusoma, taifa, asili yake, mji alioishi mwisho, na safu ya 11, ambayo ndiyo lulu ya fomu nzima: jina na anwani ya ndugu wa karibu aliyebaki kwao. Hapo ndipo kijiji kinapotajwa. Wa kulia unaonyesha nani amelipa nauli (safu ya 15), kama ana dola 50, na kama hana, ana kiasi gani (16), kama amewahi kufika Marekani (17), na anakwenda kwa nani, kwa jina na mtaa (18). Halafu yanakuja maswali ya jela, ya wake wengi na ya kama ni mwanaharakati wa kupinga serikali zote, ambayo kila mtu alijibu hapana. Mwishoni kuna kimo, rangi ya nywele na macho, alama za mwilini, na mahali alipozaliwa (29). Mistari ni 30 kwa ukurasa, si zaidi, na namba ya ukurasa na ya mstari ndizo zilizoandikwa kwenye kadi aliyobandikwa abiria kifuani. Ukurasa wa kulia hauna majina. Shika namba ya mstari, la sivyo utamsomea babu yako macho ya jirani.

Safu ya asili ilikuwa na orodha yake rasmi tangu 1899, na mojawapo ya makundi yake ni Waafrika weusi. Wengi walioandikwa hivyo walitoka visiwa vya Karibi, hasa Jamaika na Barbados. Marcus Garvey, mtetezi wa haki za Weusi, alifika New York kutoka Jamaika Machi 1916, katika wimbi hilohilo lililoijaza Harlem, mtaa wa Weusi wa New York. Anayechunguza historia ya Weusi wahamiaji asiruke orodha hizi kwa kudhani ni za Wazungu tu.

Pambizo ndiko kunakosemwa yale ambayo fomu haikuuliza. Herufi X mbele ya jina maana yake mtu huyu alizuiliwa kwa muda. Herufi S.I. maana yake alipelekwa mbele ya bodi ya uchunguzi maalumu. Ukiona alama yoyote kati ya hizo, nenda hadi mwisho wa orodha ya meli hiyohiyo, picha nyingi mbele, utafute ukurasa wa waliozuiliwa. Wachache sana hufika huko, na ndiko kwenye utamu. Kwa kila mtu kuna sababu (anamsubiri mume, anasubiri fedha kwa telegramu), siku na saa aliyoachiliwa, na safu tatu za kuhesabu milo: asubuhi, mchana na jioni. Mama aliyeandikiwa asubuhi 2, mchana 2, jioni 1 alikaa kisiwani takriban siku mbili akimngoja mumewe. Milo ilihesabiwa kwa sababu kampuni ya meli ndiyo iliyolipia. Kwenye ukurasa wa bodi utakutana na herufi LPC, yaani alihofiwa kuwa mzigo wa serikali. Zisikutishe, wengi wenye herufi hizo walikata rufaa au kuwekewa dhamana na kuingia. Waliorudishwa makwao kwa jumla walikuwa kama 2 kwa kila 100.

Namba ndefu iliyoandikwa juu ya jina kwa mwandiko mwingine, yenye tarehe ya miaka ya 1920 hadi 1940, haihusiani na siku ya kufika. Ni ya ofisi ya uhamiaji iliyorudi kwenye orodha kuthibitisha kwamba mwombaji wa uraia kweli alifika kwa meli hiyo. Kwako ni zawadi, maana imekuambia faili la uraia lipo na la karibu mwaka gani. Jina lililokatwa kwa mstari mara nyingi ni la mtu aliyekata tiketi asipande.

Kasoro nyingine ya tovuti ni viungo vinavyofungua ukurasa usio wake. Jina lipo, meli ndiyo, lakini picha ni ya siku nyingine. Usikate tamaa, sogeza picha mbele na nyuma, na ukishindwa tumia kurasa za bure za Stephen Morse, mhandisi yuleyule aliyesanifu prosesa ya Intel 8086. Kurasa zake zinakuruhusu kutafuta kwa mji, kwa meli, kwa asili na kwa umri hata bila jina kamili, kisha zinakupeleka kwenye picha. Ni aibu kidogo kwa taasisi kubwa kwamba mlango bora wa kuingilia nyumbani kwake umejengwa na mtu wa nje.

Usifunge jalada kwa sababu jina limefanana. Annie Moore, msichana wa Ireland aliyekuwa wa kwanza kupita Ellis Island siku ilipofunguliwa, 1 Januari 1892, alichanganywa kwa miaka mingi na Annie Moore mwingine aliyeishi Texas. Ni 2006 ndipo ilipothibitishwa kwamba yule wa kweli hakuondoka New York: aliolewa na mtoto wa mwoka mikate Mjerumani, akafariki hapohapo 1924. Hata umri magazeti yalikosea, yakaandika 15 wakati alikuwa na 17. Kama wa kwanza kabisa alipotezwa, Giuseppe Russo wako, jina la Waitaliano wengi, anahitaji uthibitisho wa pili: anwani ya safu ya 18, au jina la mke.

Je, uende kisiwani? Kwa kutafuta jina, hapana. Kompyuta za kule zinasoma hifadhi hiyohiyo unayoiona kwenye simu yako. Kwa kuona, nenda. Tiketi moja ya feri inahusu visiwa vyote viwili, Liberty na Ellis, na makumbusho hayana kiingilio cha ziada. Boti zinaondoka Battery Park, Manhattan, na Liberty State Park, New Jersey. Ile ya New Jersey kwa kawaida ina foleni fupi zaidi. Nunua kwa Statue City Cruises wenyewe, usikubali wapiga debe wa pale Battery, kwa kuwa tiketi zao nyingi ni za boti zinazozunguka tu bila kutia nanga. Chukua ya asubuhi, maana ukaguzi ni kama wa uwanja wa ndege, na Sanamu ya Uhuru iliyo Liberty peke yake itakumalizia saa mbili.

Kuna watu ambao hutawapata humu hata ukitafuta mwaka mzima. Wachina wa San Francisco walipitia Angel Island kati ya 1910 na 1940, chini ya sheria ya 1882 iliyowazuia, na mafaili yao ya mahojiano, marefu kuliko orodha yoyote ya New York, yako kwenye Nyaraka za Taifa huko San Bruno, California. Watu wa Cape Verde wengi waliingilia New Bedford, Massachusetts. Na Waswahili, Wakongo na Wasomali waliokuja kwa ndege baada ya sheria za uhamiaji na wakimbizi za 1965 na 1980 hawana orodha ya meli. Kumbukumbu zao ziko kwenye faili la mhamiaji linalotunzwa na USCIS, idara ya Marekani ya uraia na uhamiaji, na mwenye faili, au mtu aliyeruhusiwa naye kwa maandishi, ndiye anayeomba nakala, kwa kutaja namba inayoanza na herufi A kwenye kadi yake ya ukaazi.