Nilipeleka Wii ihamishwe gemu, ikarudi bila samaki wa baba

Nyota moja. Na hiyo moja naitoa kwa sababu soketi ya picha fundi aliitengeneza kweli, sitaki kumdhulumu mtu jasho lake.

Sitaji kibanda wala jina. Ni hapa Mwanza, mjini kati, inatosha. Nataka tu mwenye mashine ya zamani ajue nini kinaweza kumpata akiiacha mezani kwa mtu, maana mimi mpaka leo nikikumbuka jibu nililopewa natetemeka.

Mashine yenyewe ni Wii, mashine ya gemu ya kampuni ya Nintendo. Dada yangu aliituma kutoka Uingereza miaka mingi iliyopita, ndani ya boksi la nguo, plagi yake ya pini tatu kama zetu, unachomeka ukutani unacheza. Kabla ya kuituma alikuwa ameshanunua gemu za mashine za Nintendo zilizoitangulia Wii kwenye duka la ndani ya mashine, kwa pointi: za NES 500, za SNES 800, za Nintendo 64 pointi 1000. Hizi hazina CD wala kaseti. Zimo humo humo kwenye memori, na zimefungwa kwa mashine ile ile iliyonunulia. Duka liliacha kuuza Januari 2019. Kwa hiyo ukiwa nazo unazo, ukiwa huna ndiyo imetoka.

Mojawapo ni Ocarina of Time, ya mwaka 1998. Hii ndiyo gemu ya baba.

Baba amevua dagaa maisha yake yote. Mbalamwezi ikiwa kali dagaa hawaji kwenye taa, mitumbwi inalala ufukweni, na siku hizo baba alikuwa anashinda nyumbani hana pa kuweka mikono. Nikampa pedi. Kupigana na mazimwi hakutaka kabisa. Lakini ndani ya gemu hiyo kuna ziwa, na pembeni ya ziwa kuna bwawa la kuvulia. Unalipa rupia 20, unapewa fimbo na ndoano, unavua. Baba akahamia hapo. Mama akiuliza mzee yuko wapi, wajukuu wanajibu: yuko ziwani.

Alijifunza kurusha mbali, kutulia, kuvuta kidogo kidogo. Alikuwa anasogea mbele ya kiti na kushusha sauti kana kwamba samaki watamsikia. Siku moja ndoano ikanasa kofia ya mwenye bwawa ikamtoka kichwani (kweli inawezekana, ukiwa umeshakuwa mkubwa kwenye hadithi), baba akacheka mpaka akaweka pedi chini akafuta machozi. Samaki wake mkubwa kuliko wote alikuwa wa ratili 17. Yule mwenye bwawa humweka samaki wako mkubwa kwenye tangi la kioo, na kila ukiingia unamkuta. Kuna jioni baba alikuwa anawasha mashine, anaingia, anamtazama samaki wake, anazima, anakwenda kulala. Kwenye faili tuliandika jina analoitwa na wajukuu: BABU.

Sasa Wii ikachoka. Picha inakuja inakatika, unashika waya unakaa nao mkononi. Mwaka juzi hivi nikapata Wii U, mashine iliyoifuata Wii, iliyotumika, ya Ulaya kama ile ya kwanza, maana ya Ulaya na ya Marekani hazihamishiani. Nilikuwa nimesoma vizuri. Wii U inapokea karibu kila kitu kutoka Wii: gemu, sevu (kumbukumbu ya ulipofikia kwenye gemu), hata pointi zilizobaki. Unahitaji kadi ya SD, intaneti kwenye mashine zote mbili, na programu ya bure ya kuhamishia unayoishusha kwenye lile duka la Wii, ambalo haliuzi tena ila bado linakuruhusu kushusha ulivyokwisha nunua. Kikishahamia hakirudi. Ni safari ya kwenda tu.

Kilichonikwamisha ni ile picha inayokatika. Huwezi kuhamisha kitu usichokiona. Nikabeba mashine zote mbili kwenye begi, nikapanda daladala.

Kijana alinipokea vizuri. Nilimweleza mara mbili, na niliandika kwenye karatasi: tengeneza soketi, halafu hamisha vyote kwenda kwenye hii nyeupe, usifute chochote. Akasoma. Akauliza, "Gemu gani hizo dada?" Nikamtajia. Akageukia wenzake na wateja wawili waliokuwa wamekaa kwenye benchi, akasema kwa sauti, "Gemu ya mwaka 98! Dada, lete elfu ishirini nikuwekee gemu elfu kumi za bure, hizi za makumbusho tupa." Wakacheka wote. Nikanyamaza. Nilipaswa kuchukua begi langu pale pale, lakini nilikuwa nimetoka mbali na jua lilikuwa kali, nikajiambia ni maneno ya vijana. Tukapatana elfu thelathini na tano: kumi na tano ya soketi, ishirini ya kuhamisha.

Baada ya siku kama tatu akanipigia. Tayari.

Nikafika, akawasha Wii. Picha safi kabisa, haitikisiki. Nikafurahi kwa sekunde kama tano. Halafu nikaona vile viboksi vya gemu kwenye skrini, vyote tupu. Hakuna gemu hata moja. Wii U nayo tupu.

"Ilikuwa nzito," akasema. "Nimeifomati iwe nyepesi."

Nikamuuliza nzito maana yake nini, hii si simu. Akaanza kueleza, na kadiri anavyoeleza ndivyo nilivyozidi kuishiwa nguvu. Aliifungua Ocarina kwa rimoti ya kawaida ya Wii, ikagoma. Ni lazima igome! Gemu za Nintendo 64 hazichezwi kwa ile rimoti, zinataka pedi iitwayo Classic Controller au pedi ya GameCube, na Classic Controller ilikuwa kwenye begi, kwenye mfuko wa mbele, hakuugusa. Akaona gemu ni bovu. Akachomeka kadi yake ya SD ya GB 64, haikusoma, kwa sababu Wii mwisho wake ni GB 32. Akaona na mashine ni bovu. Basi akafanya kile ambacho mafundi wengi hufanya wakikwama.

Karatasi yangu ilikuwa pale pale mezani, chini ya kikombe cha chai. Usifute chochote. Mwandiko wangu, na alama ya duara ya kikombe juu yake.

Nikamwambia, kaka, humo kulikuwa na sevu ya mzee wangu, ya miaka. Ndipo akanipa jibu lile, bila kuinua macho kutoka kwenye simu aliyokuwa anaifungua skrubu:

"Si anaanza upya tu? Gemu si inachezwa?"

Nimeandika yote haya kwa sababu ya sentensi hiyo. Kufuta ningemsamehe, mtu hukosea, hata daktari hukosea. Lakini kuanza upya! Kwenye gemu ile bwawani hufiki kwa kutaka. Unatokea msituni, unapita ndani ya mti mkubwa uliojaa buibui, ndipo unaachiwa kutoka nje. Na samaki wakubwa unawapata ukiwa mtu mzima, na ili uwe mtu mzima kwenye hadithi unapitia mapango matatu na kuchomoa upanga. Hayo yote nilimfanyia mimi, usiku baada ya usiku nikitoka kazini, ili baba akae tu na ndoano yake. Huyu anayesema aanze upya hajui hata kipi kimepotea.

Nililipa kumi na tano ya soketi. Ile ishirini nilikataa, naye akadai umeme wake na muda wake, tukabishana mpaka watu wa vibanda vya jirani wakasogea. Nikaondoka nimempa na hiyo elfu ishirini kwa hasira, nikitaka tu nitoke pale. Mpaka hapo mngeniuliza, ningesema kifungwe kibanda.

Nyumbani usiku nikaifungua Wii. Nikawasha hotspoti ya simu, ikawa haionekani, nikaibadilisha iwe ya GHz 2.4, maana Wii haijui kitu kinachoitwa 5, ikakamata. Nikaingia dukani, nikafungua orodha ya vilivyowahi kushushwa. Jamani. Zote zilikuwepo. Kufomati kunafuta memori, hakufuti kumbukumbu ya manunuzi kwenye seva, mradi akaunti ya duka yenyewe hujaifuta kwa mkono wako. Nikashusha moja moja. Ni gemu ndogo, hata hiyo Ocarina haifiki MB 50, bando langu halikustuka. Nilipiga kelele wanangu wakaamka. Wakati ule ningempa fundi hata nyota tatu, nilisema labda nimemkosea adabu mtoto wa watu bure.

Halafu nikachomeka Classic Controller, nikafungua Ocarina. Faili tatu, zote tupu. BABU hayupo.

Sevu hazikai kwenye seva. Zilikuwa humo ndani peke yake, na mahali pengine popote hazipo. Sevu nyingi za Wii zinakubali kunakiliwa kwenye kadi ya SD, dakika mbili tu, unaingia kwenye usimamizi wa data unachagua. Kama una mashine hii, fanya usiku huu, kabla hujampa mtu yeyote hata akupulizie vumbi. Niliyajua hayo na sikufanya, na fundi aliyelipwa ahamishe data alipaswa kuyafanya kabla ya kugusa chochote.

Kuhamisha nilifanya mwenyewe wikiendi iliyofuata, na lazima niseme ukweli, ni kazi rahisi na nzuri kuliko nilivyotegemea. Kadi unaianzia kwenye Wii U, unaipeleka kwenye Wii, unairudisha Wii U. Niliogopa umeme tu, maana ukikatika katikati sijui ningelilia wapi, nikasubiri usiku mkubwa. Wakati data inatoka, skrini inakuonyesha vijiumbe vyenye majani kichwani, vimepanga mstari, kila kimoja kimebeba kitu, vinakwenda kupanda chombo cha angani. Wanangu wakasema ni wapakiaji wa soko la Mwaloni wanapakia magunia ya dagaa kwenye lori. Tukawaangalia mpaka wa mwisho alipopanda. Ukihamia kwenye Wii U chombo kinatua, wanashuka na mizigo. Ni kitu kidogo, lakini aliyekitengeneza alijua kwamba mtu anayehama anaogopa.

Nilirudi kibandani. Sikwenda kugombana, nilikwenda kumwonyesha kwenye simu picha ya zamani: baba ameshika pedi, na kwenye runinga yuko yule samaki, ratili 17. Akaitazama muda mrefu. Safari hii hakukuwa na mtu kwenye benchi. Akafungua droo, akatoa elfu ishirini, akaiweka mezani, hakusema neno. Nikamwona ni kijana mdogo sana, pengine hana hata miaka ishirini na mbili. Kwa hiyo nyota sijui. Nilitaka kuandika mbili. Lakini hela ilirudi na pole haikutoka, na ile "si anaanza upya tu" bado iko sikioni kwangu, kwa hiyo inabaki moja.

Baba nilimwambia mwenyewe. Akauliza kama yule samaki alikufa au alirudishwa majini. Nikashindwa kujibu. Akasema, "Basi mama, tuseme alirudishwa."

Usiku mbili nilimvusha msitu na ule mti wa buibui, nikamfikisha mpaka mlangoni pa bwawa, faili mpya, BABU tena. Mbalamwezi iliyofuata alikaa, akasogea mbele ya kiti, akalipa rupia 20. Wa kwanza kumtoa alikuwa wa ratili sita. Akamgeukia mjukuu wake, akamwambia huyu bado mtoto, akarusha ndoano tena.