Photoshop ya iPad: Duara Dogo Linalochukua Nafasi ya Kibodi

Karibuni tena, watazamaji wangu. Kwa kuwa wengi wenu mnaijua Photoshop ya kompyuta, programu ya kuhariri picha, sitaeleza kwa kina leya, yaani tabaka za picha, wala maski, ile inayoficha sehemu ya leya. Nitakwenda moja kwa moja kwenye duara hili lililo chini kushoto mwa skrini, maana ndilo lililonifanya nirekodi video hii.

Mhariri mzoefu huweka mkono mmoja kwenye kibodi, akibonyeza Alt au Shift ili kubadilisha kazi ya zana bila kugusa menyu. Kwenye iPad isiyo na kibodi, mkono huo ufanye nini? Tazameni. Nimechagua brashi na ninapaka maski kuzunguka nywele hizi, na hapa nimepitiliza hadi shavuni. Ninakandamiza duara kwa kidole gumba, brashi inageuka kifutio, ninafuta, ninaachia, na brashi imerudi. Narudia polepole kwa aliyepitwa: kandamiza, futa, achia. Nikiburuta kidole hadi ukingo wa duara bila kukiinua, ninapata kazi ya pili, ambayo hubadilika kulingana na zana niliyoshika. Mkono wa kalamu haujaondoka kwenye picha hata mara moja.

Msinione shabiki tu. Programu hii ilipotoka Novemba 2019 haikuwa hata na mkunjo wa kurekebisha mwanga (Curves), ambao uliongezwa mwaka 2020, na faili za RAW, yaani picha ghafi za kamera, zilisubiri hadi 2021. Mpinzani wake, Affinity Photo, alikuwa amefika kwenye iPad tangu 2017, tena kwa malipo ya mara moja, ilhali hii hudai ada kila mwezi. Hapo moyo na mfuko wangu havielewani. Zamani niliuita upungufu ule aibu. Siku hizi nimelegeza msimamo, kwa sababu Photoshop Touch ya 2011 ilikuwa programu nyepesi ya pembeni, ikaondolewa 2015, ilhali hii hufungua PSD (faili ya Photoshop) ileile ya kompyuta pamoja na leya zake zote.

Linalonikera ni kwamba kidole gumba kinachokandamiza duara ni cha mkono uleule unaoshika kifaa, kwa hiyo programu iliyobuniwa ibebeke inanilazimisha kutafuta meza. Ijumaa nitawaonyesha stendi tatu nilizojaribu, na mbili kati yake zinateleza.