Nansio au Ngudu?

Kwa anayetaka kuhama Mwanza mjini, nampa miji miwili. Nansio, makao makuu ya Ukerewe, wilaya ya visiwa katika Ziwa Victoria, ni ya maji. Meli ya Bandari ya Kaskazini huchukua kama saa tatu. Ikikuacha, uzunguke Bunda hadi pantoni ya Kisorya. Mwaloni, ufukweni wanakoshusha samaki, dagaa wameanikwa, Mkerewe, Mjita na Mkara wanabishania bei, machungwa ya kisiwani yamejaa sokoni. Habari za abiria hufika kabla ya mzigo wake (mgeni hajifichi pale!).

Ngudu, wilayani Kwimba, ni nchi kavu: pamba, ng'ombe, michembe (viazi vitamu vilivyokaushwa). Wasukuma watakusalimia kwa kirefu kabla ya biashara. Kusafiri ni rahisi zaidi, ila samaki wabichi ni wa kuletwa.

Mimi ningekwenda Nansio. Mwenye haraka, Ngudu.