Nyota nne kwa wakili wangu wa deni la serikali

Jina la ofisi sitaliandika kwa sababu kesi bado ina mkia, ila mwenzangu wa mjengo hapa Nairobi akiniuliza ana kwa ana nitamwelekeza.

Mimi ni mwanakandarasi mdogo. Niliijengea wizara moja ukuta na vyoo vya wafanyakazi, mawe ya Ndarugo, kazi safi. Mhandisi wao alisaini cheti cha mwisho Julai 2021. Ikabaki Sh1.7 milioni, na wimbo ukawa "rudi wiki ijayo, bajeti haijafika." Mwenye hadiwea ninayekopa saruji Kayole hayo ya bajeti hakuyaelewa kabisa.

Wakili wa kwanza alikula elfu 30, akaandika barua moja ya madai, akaniambia nisiwe na presha, deni la mkataba lina miaka sita ya kushtaki. Nami nikatulia kweli.

Huyu wa pili nilielekezwa na fundi wa mabomba. Lifti haifanyi kazi, unapanda ngazi hadi ghorofa ya nne, na ukifika kuna viti vitatu na feni inayolia kama posho mill. Ilikuwa katikati ya Juni 2024. Nikaanza hadithi yangu tangu siku ya zabuni, akainua kidole: "Mzee wangu, ngoja. Cheti kilisainiwa lini?" Nikamtajia. Akageukia kalenda ya ukutani, ile wanayogawa buchari Disemba, akahesabu, akavua miwani.

Kumbe miaka sita ni ya kudaiana sisi raia. Ukiidai serikali kwa mkataba una miaka 3 tu, basi. Nilikuwa nimebakisha kama wiki tatu. Jasho lililonitoka pale halikuwa la ngazi.

Alinirudisha nyumbani nikalete mkataba, vyeti vya malipo, picha, hata stakabadhi za malori ya mawe. Fotokopi ya fotokopi alikataa. Tarehe 25 Juni, siku vijana walipoingia bungeni na mji ukajaa moshi wa vitoa machozi, akanipigia nilipie ada ya mahakama kwa simu. Kesi ikaingia mahakama ya Milimani kwa mtandao, yeye akiwa kwake na mimi kwangu. Nilipoona aliyeshtakiwa ni Mwanasheria Mkuu nikadhani amekosea kuchapa. Hapana, ndivyo sheria inavyotaka.

Kinachonifanya nimsifu zaidi ni kwamba siku ile ya kwanza, kabla sijatoa hata shilingi, aliniambia kushinda si kulipwa. Serikali haipigwi mnada. Kifungu cha 21 cha sheria ya kesi dhidi ya serikali kimeziba njia hiyo. Mimi nilikuwa nangojea dalali akabebe gari la wizara, na gari lenyewe nilishalichagua. Badala yake, siku 21 zikipita baada ya hukumu unaomba mahakama ikupe cheti cha deni, unawapelekea. Wakinyamaza, unapanda Mahakama Kuu kuomba amri ya kumshurutisha katibu wa wizara alipe. Akikaidi hiyo, hapo ndipo anashtakiwa kwa kudharau mahakama, na jela inaweza kutajwa.

Tulishinda mwaka uliofuata, pamoja na riba. Malipo yake tuliandikiana mapema, na risiti anatoa bila kuombwa.

Nyota moja nimekata kwa sababu ya simu. Hapokei! Karani wake ana jibu moja, "yuko kortini," hata Jumamosi jioni. Halafu nakala wanatoza shilingi kumi kwa ukurasa, na faili langu lina kurasa 212. Fanyeni zenu chini barabarani.

Kwa sasa wizara imeshapokea cheti cha deni. Nakala yangu ina muhuri wa zambarau wa masjala yao, na mwenye hadiwea ameomba aipige picha.