Twisheni ya Kiingereza ya jioni, Ngamiani

Wengi wananiuliza kama darasa la jioni lililo nyuma ya duka la vifaa vya shule, huku Ngamiani, lina faida yoyote. Lina faida, ila si kwa kila mtu. Anayetaka Kiingereza cha kupeleka wageni mapango ya Amboni atafute pengine. Mwalimu huyu, mstaafu wa sekondari, ana ugonjwa mmoja: viambishi vya kukanusha, yaani vipande kama un- na in- vinavyowekwa mbele ya neno la Kiingereza. Mimi ni karani wa kutoa mizigo bandarini, na ugonjwa huo ndio ulionipeleka.

Jioni ya kwanza aliandika ubaoni "unloaded container", akauliza: hili limeshapakuliwa, au bado halijapakiwa? Darasa likagawanyika. "Wote mmepata," akasema, "ndiyo maana makarani mnagombana." Un- ina kazi mbili. Kwenye kitenzi inatengua kilichofanyika, sawa na -ua yetu: pakia, pakua, funga, fungua, kunja, kunjua. Kwenye sifa inakana tu. "Unhappy" si mtu aliyekuwa na furaha akanyang'anywa. Neno kama "unloaded" linaweza kuangukia upande wowote, na mteja aliyeko Mombasa hawezi kujua ulikusudia upi. Siku hizi kwenye barua pepe naandika sentensi nzima, hata kama bosi anaona narefusha.

Jioni ya "inflammable" ilinoga zaidi. Kijana mmoja anayefanya kazi ghala la mafuta aliapa kwamba maana yake ni kisichoshika moto, maana "invisible" si ni kisichoonekana? Mwalimu hakumcheka. Alieleza kuwa in- ya hapa haikani kitu: neno limetokana na kitenzi cha Kilatini inflammare, yaani kuwasha moto. Kwa hiyo "flammable" na "inflammable" ni mamoja, na pipa la petroli linaweza kuandikwa lolote kati ya hayo. Kosa la kijana yule liliwatia hofu hata Wamarekani. Miaka ya 1920 chama chao cha kujikinga na moto, NFPA, kilihimiza watu watumie "flammable". Kisichoshika moto ni "non-flammable". Kwa somo hilo peke yake sikuona ada yangu imepotea.

"Disinterested" na "uninterested" alizifundisha kwa kesi ya ndoa. Mke na mume wamegombana, wanatafuta msuluhishi. Je, wamchukue asiye na maslahi upande wowote, au asiyejali hata wakiachana? Wa kwanza ndiye "disinterested". Mama mmoja muuza samaki akadakia, "Mwalimu, shemeji yangu ni yote mawili!" Tulicheka mpaka mwenye duka akachungulia. Hapo lakini mwalimu alikaza mno. Waingereza wenyewe huzichanganya, na kamusi zao zinakiri hivyo. Angetuambia, ili mtu akiikuta kwenye barua asihukumu haraka.

Yanayochosha yapo. Jioni nzima iliishia kwenye im-, il- na ir-, wakati ni in- ile ile inayobadilika kufuata herufi inayoifuata: "impossible", "illegal", "irregular". Dakika kumi zingetosha. Karatasi za fotokopi zimefifia, ukurasa wa mis- sikuweza kuusoma kabisa. Benchi hazina egemeo. Pikipiki zikipita unakosa nusu ya maelezo, na kuongea hatuongei, tunaandika tu.

Anayefanya kazi ya makaratasi, iwe bandarini, benki au kwa wakili, aende. Mwanafunzi wa kidato cha nne anayekaribia mtihani atafaidika kiasi, ila atahitaji mtu mwingine wa kumfundisha insha. Ada ni shilingi 2,000 kwa jioni, unalipa mlangoni kwa mwenye duka, naye hana chenji ya noti ya elfu kumi.